Maumivu ya mgongo yasiyojulikana chanzo: tuweke msimbo gani kwenye fishi?

Mwandika_Fishi (Bukavu)

Ndugu wanajukwaa, hasa ninyi mnaoshinda kwenye ofisi za takwimu na faktura (hati za malipo) za hospitali, naomba tulizungumze kwa utulivu jambo moja linalosumbua idara yetu. Kazi yangu ni kuweka misimbo ya CIM-10, ile orodha ya kimataifa ya magonjwa, kwenye fishi, yaani karatasi za matibabu za wagonjwa, katika hospitali moja ya hapa Bukavu. Mutueli moja (chama cha bima ya afya) ambayo tunawahudumia wanachama wake imeanza kuturudishia kila faktura yenye msimbo M54.9, yaani maumivu ya mgongo yasiyobainishwa, ikiwa imegongwa mhuri wa "utambuzi hautoshi". Matokeo yake yameanza kuonekana. Baadhi ya waganga wameanza kuandika "henia ya diski" kwa mgonjwa ambaye hajapigwa hata radio (picha ya eksirei), sembuse IRM (picha ya sumaku), kwa sababu wanajua kwamba M51, msimbo wa matatizo ya diski, hupita bila maswali.

Maoni yangu ni kwamba hapa tumechanganya mambo mawili. Kutojua chanzo cha maumivu ni jambo moja, na ni jambo la kawaida kabisa katika tiba. Kutoandika yale tunayoyajua ni jambo lingine, na hilo ndilo mutueli ina haki ya kulilalamikia. Dawa ya kosa la pili si kubuni chanzo.

Nitoe mfano wa fishi moja, bila kumtaja mwenyewe. Ni mama mbebaji mizigo wa soko la Kadutu. Muuguzi aliyempokea ameandika vizuri sana: maumivu ya wiki kadhaa, chini ya mbavu hadi juu ya makalio, hayashuki mguuni, hakuna homa, uzito haujapungua, haja ndogo na kubwa ziko sawa. Muganga naye amempima, amemwinua mguu ulionyooka upande huu na ule bila kuamsha maumivu ya neva, na reflexi ameziandika kuwa za kawaida. Halafu chini kabisa, kwenye mstari wa utambuzi, kuna neno moja tu la Kifaransa: "Dorsalgie", yaani maumivu ya mgongo. Mimi ninayesoma mstari huo wa mwisho, kama ratiba ya kazi inavyonilazimisha, nitaweka M54.9. Lakini anayesoma ukurasa mzima ataona wazi kwamba hiyo ni M54.5, maumivu ya mgongo wa chini, na wala si "yasiyobainishwa", kwa kuwa mahali pamebainishwa.

Karibu kundi lote la M54 limepangwa kwa mahali na kwa njia ambayo maumivu yanapita, si kwa chanzo. M54.2 ni ya shingo, M54.6 ni ya mgongo wa kati kwenye pingili za kifua, M54.5 ni ya chini. Maumivu yakishuka kwenye njia ya neva ya siatiki bila ya mgongo wenyewe kuuma, ni M54.3, yakiwa mgongoni na mguuni kwa pamoja, ni M54.4. M54.9 imebaki kwa yule ambaye hatujui hata mgongo wake unauma sehemu gani, na mgonjwa wa namna hiyo, tukisema kweli, ni nadra, kwa sababu kila mtu anayeumwa mgongo huweka mkono pale panapouma.

Nasikia pia wengine wakitumia R52, maumivu yasiyoainishwa kwingine. Hiyo haifai: kitabu chenyewe kinayatoa maumivu ya mgongo kwenye R52 na kuyarudisha M54.

Ninaomba mawazo yenu, hasa ya waganga wanaoandika huo mstari wa mwisho.

IT_Milimani (Kabare)

Yaya Mwandika, asante kwa kulileta jambo hili. Mimi ni IT, muuguzi msimamizi, na ninasema kutoka kituo cha afya cha huku milimani, ambako hakuna mtu anayeniuliza msimbo wowote. Kanevasi ya SNIS, fomu ya takwimu za afya za taifa ninayoijaza kila mwisho wa mwezi, ambayo baadaye huingizwa kwenye programu ya DHIS2, inanidai malaria, kuhara, magonjwa ya njia ya hewa, wajawazito, chanjo na mengine yanayofahamika. Mgongo unaangukia kwenye "magonjwa mengine", pamoja na meno na macho. Ukiangalia takwimu zetu utadhani huku milimani, ambako watu wanalima kwa jembe na kupandisha magunia kwa kamba ya paji la uso, hakuna anayeumwa mgongo.

Swali langu ni dogo. Ninapomtuma mgonjwa hospitalini na sijui ana nini, niandike nini kwenye karatasi ya rufaa? Mara nyingine nimeandika "mashaka ya henia" ili wampokee haraka. Nikiandika "anaumwa mgongo" peke yake, naogopa atakaa kwenye benchi mpaka jioni.

Docta_Ibanda (Bukavu)

Mheshimiwa IT, andika ulichokiona, si ulichokiwaza. Barua inayosema "maumivu ya mgongo wa chini tangu miezi miwili, jasho la usiku, amekonda, pingili moja imetokeza nyuma" itamwondoa mgonjwa kwenye benchi haraka kuliko neno "henia", maana henia haimtishi muganga wa zamu, lakini ile nundu mgongoni inamtisha. Kwetu hapa hiyo ni kifua kikuu cha uti wa mgongo, ugonjwa wa Pott, mpaka ithibitishwe vinginevyo.

Wengi wa wanaokuja na mgongo hawana ugonjwa mahususi unaoweza kuonyeshwa kwa kidole. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba kwa maumivu ya mgongo wa chini, karibu asilimia 90 ya wagonjwa wako kwenye kundi hilo, na kwamba mwaka 2020 watu milioni 619 duniani waliishi na maumivu hayo. Kwa hiyo M54.5 si msimbo wa muganga mvivu. Ndiyo hali halisi ya wagonjwa wengi.

Lakini ule uchache unaobaki ndio unaoua au kupoozesha, na ndio unaonifanya niwe mkali na wanafunzi wangu. Mbali na Pott, kuna maambukizi ya figo, N10, ambayo hujificha nyuma ya "kiuno kinauma na nina baridi". Na kwa kuwa kwetu kila homa huanza kwa kuitwa malaria, mgonjwa huyo hupewa dawa za malaria na kurudi siku chache baadaye akiwa mahututi. Kuna mtoto mwenye seli mundu ambaye mgongo wake unauma kwa sababu ya krisi, na huyo ni D57.0, wala si M54 hata kidogo. Kuna mzee ambaye saratani ya tezi dume imefika kwenye mifupa, C79.5 pamoja na msimbo wa saratani yenyewe. Kuna mfugaji mwenye homa inayokuja na kuondoka, ambaye brusela imemkalia kwenye pingili. Na kuna yule ambaye mkojo umeziba, au anajikojolea bila kujua, miguu inalegea, na hasikii kitu akiguswa sehemu anazokalia. Huyo ni G83.4, neva za mwisho wa uti wa mgongo zimebanwa, na hahitaji msimbo kwanza, anahitaji upasuaji leo.

Kwa yule ambaye nimemwangalia kwa makini na sijaona hata moja kati ya hizo dalili, ninaandika M54.5 bila aibu. Mutueli inayotaka jina kubwa zaidi inataka niseme uongo.

Jambo moja ninaliona gumu. Mgonjwa ninayemshuku Pott, ambaye matokeo ya GeneXpert, kipimo cha kifua kikuu, bado hayajarudi, huwa ninamwandikia "Mal de Pott" na alama ya kuuliza. Je, ninyi wa ofisini mnaifanyia nini hiyo alama ya kuuliza?

Faktura_Lushi (Lubumbashi)

Salamu kutoka Lubumbashi. Mimi ninaandaa faktura katika zahanati inayohudumia wafanyakazi wa kampuni za migodi, na kwetu bima ni nyingi kuliko mutueli. Naomba kusahihisha mambo mawili.

La kwanza, M54.5 haipo tena. Tangu tarehe 1 Oktoba 2021 imegawanywa kuwa M54.50, M54.51 na M54.59, na ukiiandika bila tarakimu ya mwisho programu inaikataa. La pili, ugonjwa unaoshukiwa hauwekewi msimbo kabisa kwa mgonjwa wa nje. Unaweka dalili tu. Haya niliyasoma kwenye mafunzo ya mtandaoni na nimeyatumia tangu hapo. Kwa hiyo, Docta, alama yako ya kuuliza inatupwa na mgonjwa anabaki na maumivu yake ya mgongo.

Mwandika_Fishi (Bukavu)

Ndugu wa Lushi, uliyoyasoma ni ya kweli, ila ni ya kweli Marekani. Wao wanatumia toleo lao lililofanyiwa marekebisho, lenye tarakimu nyingi zaidi, na humo ndimo M54.5 ilimogawanywa siku uliyoitaja. Sisi tunatumia CIM-10 ya OMS (Shirika la Afya Duniani) kwa Kifaransa, na humo M54.5 ingali nzima. Bima ya kampuni ya kigeni inaweza kukudai toleo la Marekani, na hapo huna budi kuwafuata kwa sababu wao ndio wanaolipa. Lakini ripoti unayoipeleka kwenye eneo la afya haifai kuwa na M54.59. Hata kwao Wamarekani, M54.51 ni ya maumivu yanayotoka kwenye pingili yenyewe, kwa hiyo asiyejua chanzo hana ruhusa ya kuigusa.

Kuhusu ugonjwa unaoshukiwa, hapo ndipo penye hatari kubwa, na ninamshukuru Docta kwa kuuliza. Kanuni ya Marekani kwa wagonjwa wa nje ni hiyo uliyoieleza. Kanuni ya OMS, iliyo katika juzuu ya pili ya CIM-10, ile ambayo hospitali nyingi wanayo kabatini na hawaifungui, inasema kinyume: matibabu yakiisha na ugonjwa ungali umeandikwa kwa mashaka, "huenda ni" au "inashukiwa", na hakuna maelezo mengine ya kumsaidia anayeweka msimbo, basi ugonjwa huo unawekewa msimbo kana kwamba umethibitishwa.

Fikirini maana yake. Docta akiandika "Mal de Pott ?" kwenye mstari wa mwisho, na mgonjwa akaenda zake, mimi ninayefuata kanuni ninaweka A18.0 yenye alama ya msalaba kwa kifua kikuu cha mifupa, na M49.0 yenye alama ya nyota kwa uti wa mgongo ulioathirika. Alama ya kuuliza inafia hapo. Kwenye kompyuta hakuna kisanduku chake. Mwisho wa mwaka eneo la afya linahesabu wagonjwa wa Pott ambao hawajawahi kuwa nao, na mtu mwenyewe anabeba jina la kifua kikuu kwenye rekodi yake, na majirani wakisikia, mnajua yatakayofuata.

Mashaka yakichunguzwa na kuondolewa, upo msimbo wake: Z03.0 kwa aliyechunguzwa kifua kikuu na kisikutwe, Z03.1 kwa aliyeshukiwa saratani. Lakini huo ni wa mashaka yaliyokwisha, si ya mashaka yanayoendelea.

Kwa hiyo ushauri wangu kwa Docta ni huu: kwenye mstari wa utambuzi andika kile ulicho nacho leo, kwa mfano "maumivu ya mgongo wa kati yenye homa, yanaendelea kuchunguzwa". Neno Pott liweke kwenye mpango wa uchunguzi, kwenye ombi la maabara na la radio, ambako wenzako wataliona na mimi sitalihesabu.

Docta_Ibanda (Bukavu)

Hilo linageuza namna ya kuandika, na nitalipeleka kwenye mkutano wa asubuhi. Niongeze swali linalofuata hapo hapo. Mgonjwa huyo akirudi baada ya wiki mbili na majibu yakawa chanya, je, mnaifuta ile ya kwanza?

Mwandika_Fishi (Bukavu)

Hatuifuti, Docta. Kila ziara ina utambuzi wake, na CIM-10 inautaka ule ulio wazi mwishoni mwa kipindi hicho cha matibabu. Siku ya kwanza ulikuwa na mgongo unaouma, kwa hiyo M54.6 ilikuwa sahihi siku hiyo na itabaki sahihi. Siku ya pili unayo A18.0. Anayesoma rekodi baadaye ataona safari nzima ya mgonjwa, na ataona pia muda uliopita kati ya dalili na jina, jambo ambalo mganga mkuu wa eneo angelipenda sana kulijua. Tofauti ni kwa aliyelazwa: kama alilala siku zote hizo na majibu yakatoka kabla hajaruhusiwa, basi ni kipindi kimoja, na kinachoandikwa ni A18.0 na M49.0 tu.

Kine_Kadutu (Bukavu)

Naomba na mimi niseme, kwa kuwa wagonjwa hawa hatimaye huishia kwenye chumba changu cha kinezi, yaani tiba ya viungo. Yule mama ambaye Mwandika amemtolea mfano ni mmoja wa wengi. Wale wamama wa Bukavu wanapokea mizigo bandarini na sokoni, wanaikaza kwa kamba kwenye paji la uso, wanapandisha vilima vya Kadutu wameinama mpaka macho yanaona visigino vya aliye mbele. Gunia la kilo 50 ni la kawaida. Nikipokea fishi iliyoandikwa "lombalgie" (maumivu ya mgongo wa chini) peke yake, sina nilichoambiwa.

Kwa wamama hawa kuna swali ambalo lazima muganga alijibu kabla ya msimbo: je, kuna siku na saa maumivu yalipoanza? Aliyeinua mzigo kwenye ngazi, akasikia kitu kimechanika kiunoni, huyo ni mtu aliyeumia, na msimbo wake ni S33.5 kwa kuteguka kwa mgongo wa chini, pamoja na X50 inayoeleza nguvu iliyopita kiasi. Yule ambaye mgongo umekuwa ukiuma kidogo kidogo kwa miaka na hawezi kukutajia siku, huyo ni M54.5. Nimeona fishi nyingi ambazo zote zinawekwa M54, na hivyo ajali za wabebaji mizigo hazionekani popote.

Kuhusu henia za kubuni, nina uchungu nazo kwa sababu nyingine kabisa. Mgonjwa akisikia "diski yako imetoka" haachi tu kubeba gunia. Anaacha kuinama, anaacha kutembea, analala, na mgongo unazidi kukaza. Mimi ninapoteza wiki nyingi za kinezi kwa kazi ya kumtoa hofu. Hata picha ikiwepo, isomwe kwa tahadhari: uchambuzi mmoja mkubwa uliochapishwa mwaka 2015, uliokusanya picha za watu wasioumwa mgongo kabisa, ulikuta diski zilizochakaa kwa asilimia 37 ya watu wa miaka 20 na asilimia 96 ya watu wa miaka 80. Kwa mama wa miaka hamsini, diski iliyochakaa kwenye picha haitoshi kumwandikia M51. Inabidi mguu wake, neva yake na picha yake viseme jambo moja. Bila hivyo ni kumvika mgonjwa koti la mtu mwingine kwa sababu tu lina vifungo.

Lipo pia kosa la upande wa pili. Waganga wengine, wakishindwa kuona kitu kwenye radio, huandika F45.4, maumivu yanayohusishwa na mambo ya moyo na akili. Msimbo huo una masharti yake na unahitaji tathmini ya kweli. Haupatikani kwa kukosa kitu kwenye radio. Radio tupu na mgonjwa anayelia havitoshi. Mwanamke aliyepitia vita na kupoteza watu anaweza kuwa na maumivu ya mgongo ambayo ni ya mgongo.

Mwandika_Fishi (Bukavu)

Kine, nakubaliana nawe, na nikumbushe tu kwamba orodha hii ya magonjwa haikuzaliwa kwa ajili ya wagonjwa wako. Jacques Bertillon, mtakwimu Mfaransa, aliiwasilisha mwaka 1893 kuwa orodha ya sababu za vifo, na ni mpaka toleo la sita, la mwaka 1948, ndipo OMS ilipoipanua ili ihesabu na maradhi yasiyoua. Hakuna anayekufa kwa mgongo wa chini, na nadhani ndiyo maana CIM-10 ililiweka jambo lenyewe kwenye sura ya mifupa na misuli kana kwamba ni ugonjwa, huku kila mtu akijua kuwa ni dalili.

CIM-11, iliyoanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, imelisahihisha hilo. Maumivu ya mgongo wa chini yamehamishiwa kwenye sura ya dalili, ME84.2, na maumivu sugu yamepewa nyumba yao, MG30. Ndani yake MG30.02 ni ya maumivu sugu ya misuli na mifupa ambayo yenyewe ndiyo tatizo, yakiwa yamedumu au kujirudia kwa zaidi ya miezi mitatu na kumvuruga mtu maisha au hisia zake, bila kulazimisha kipatikane chanzo kingine. Kwa maneno mengine, mtu anaruhusiwa kuumwa bila kushtakiwa kwamba anajifanya. Mwongozo wa OMS wa Desemba 2023 kuhusu tiba isiyo ya upasuaji ya mgongo sugu unawahusu wagonjwa haohao. Ila msiende kesho kuandika MG30 kwenye faktura. Programu zetu bado zinasoma CIM-10, na msimbo usiosomeka ni sawa na faktura isiyopelekwa.

Faktura_Lushi (Lubumbashi)

Nimeelewa tofauti ya matoleo, na nitawauliza bima wetu mmoja mmoja wanatumia lipi.

Lakini naomba niwatetee kidogo hao wa mutueli, kwa kuwa mimi ninakaa nao mezani. Muganga mshauri wa bima hamwoni mgonjwa. Anaona karatasi tu, na karatasi yenye M54.9 iliyofuatana na ombi la IRM, sindano za siku kumi na mapumziko ya wiki tatu haimwambii kwa nini. Akikataa, si kwamba anataka uongo, anataka sababu. Sisi tulipoanza kuambatanisha mistari miwili ya muganga chini ya msimbo, mahali, muda, mguu, na dalili za hatari zilizotafutwa na zisipatikane, faktura za M54.5 zilianza kulipwa. Msimbo haukubadilika hata kidogo.

Kwa upande wa kazi, sisi tuna madereva wa malori makubwa ya machimbo na wale wa barabara ya Kasumbalesa, watu wanaotikiswa kutwa nzima. Kwao ninaweka M54.5 kwanza na Z57.7 baada yake, yaani kukaa kazini penye mtikisiko. Ile Z haidai kwamba mtikisiko ndio uliosababisha maumivu. Inasema tu mtu huyu anaishi nao. Kwa mfanyakazi aliyeandikishwa CNSS, mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii, ambao una tawi la hatari za kazini, maelezo hayo yanaweza kuwa na uzito siku moja. Wamama wenu wa Kadutu hawana mwajiri wa kutangaza ajali yao, na hilo linaniuma, lakini si sababu ya kuacha X50 nje ya fishi.

IT_Milimani (Kabare)

Nimechukua mengi hapa. Hizo alama nne za yaya wa Lushi, mahali, muda, mguu na dalili za hatari, ninaweza kuziandika hata mimi kwenye daftari la ushauri bila kujua msimbo wowote, na karatasi ya rufaa itakuwa na kitu cha kusoma.

Mkunga_Bagira (Bukavu)

Samahani kwa kuchelewa kuingia. Hakuna aliyewataja wajawazito, na katika maternité (wodi ya uzazi) yangu karibu kila mama wa miezi saba analalamikia kiuno. Mwenzangu anawaandikia M54.5 kama wengine wote. Je, ni sawa?

Mwandika_Fishi (Bukavu)

Mama Mkunga, asante, hilo lilikuwa limetuponyoka. Si sawa kwa mstari wa kwanza. Sura ya mifupa na misuli yenyewe inatangaza mwanzoni kwamba matatizo ya ujauzito, uzazi na siku za baada ya kujifungua yako nje yake, yako kwenye sura ya O. Kama mgongo ndio uliomleta na muganga ameuhusisha na mimba, msimbo wa O ndio unaotangulia, na M54.5 inaweza kufuata kama nyongeza ya kueleza aina ya tatizo. Akija kwa malaria na kiuno kikatajwa njiani, kiuno si utambuzi mkuu.

Ila kabla ya kukubali kwamba ni mimba tu, mkojo upimwe. Maambukizi ya figo kwa mjamzito huanza hivyohivyo, kiuno upande mmoja na baridi, na msimbo wake si N10 tena bali O23.0. Huyo anatakiwa kulazwa, na faktura yake, ikiwa na jibu la maabara limebanwa nyuma, mutueli haina sababu ya kuirudisha.